Tanuri la Anarkan

Mama mkwe wangu, Anarkan, hajawahi kukaa mahali akatulia. Siku niliyoolewa, nikiwa nimefunikwa shela kichwani nangoja watu waje kunitazama, nilimsikia nyuma ya pazia akisukuma kabati. Wageni wako uani wanakula, nyama ya kondoo inapoa, yeye ameona kabati limekaa vibaya. Mume wangu Taalai akanitania baadaye, "Na wewe usilale sana. Utaamka umehamishiwa zizini."

Tulikaa Bozarik, kijiji cha Wakirgizi, mtaa wa chini. Ng'ambo ya mfereji ni Chorbed, na Chorbed ni ya Watajiki. Hapakuwa na ukuta wala waya. Nyumba zao na zetu zilikuwa zimeingiliana kama vidole vya mikono iliyofumbatana. Ukitumwa chumvi uliweza kutoka nchini mwako na kurudi kabla hujafika dukani, na hakuna aliyekuuliza unakwenda wapi. Zamani tulikuwa nchi moja kubwa, na mpaka ulikuwa mstari wa kwenye karatasi tu. Nchi ile ikafa, mstari ukabaki, ila umepita wapi hasa, kila mtu alikuwa na lake.

Anarkan alikuwa mwoka mikate. Mumewe, dereva wa trekta, alifariki Taalai akiwa bado hajaanza shule, na tanuri ndilo lililomlea mtoto. Mikate yake ya duara ilinunuliwa pande zote mbili. Watoto wa Chorbed walikuja na vitambaa vyao vya kufungia mkate, wakasimama foleni pamoja na wa kwetu, wakisukumana. Taalai alipokuwa mkubwa akaenda Urusi kujenga maghorofa, kama vijana wote wa kule, tukabaki nyumbani wanawake wawili na binti yangu mchanga, Aiperi.

Tanuri lilikuwa chini ya dirisha langu. Aiperi akaanza kukohoa.

"Moshi huu utamuua mtoto," mama mkwe akasema asubuhi moja, theluji ndiyo kwanza imeyeyuka. "Nalihamisha."

"Unahamisha nini, mama?"

"Tanuri."

"Tanuri nalo linahamishwa?"

"Linavunjwa hapa, linajengwa pale. Kwani mimi nimezaliwa nalo?"

Pale penyewe palikuwa ng'ambo ya ubao wa kuvukia mfereji: kipande cha magugu ambacho ng'ombe akiingia anageuka kwa shida. Hakikuwa na mwenyewe. Mfereji wa zamani ulipita upande wake wa mbali, mpaka mwaka mmoja yakaja mafuriko yakausogeza ukapita upande wa huku. Wazee wetu walisema mpaka ni mfereji. Wazee wa Chorbed nao walisema mpaka ni mfereji. Wote walikubaliana, kwa sababu hakuna aliyewahi kuuliza ni mfereji upi.

Nyumba iliyopakana na kipande kile ilikuwa ya Mavjuda, mwanamke wa Kitajiki wa rika lake Anarkan. Nataka jambo hili lieleweke: Mavjuda mwenyewe alikuja kukanyaga udongo. Alipandisha suruali yake ya maua mpaka magotini, akaingia kwenye tope lililochanganywa na manyoya ya kondoo, wakakanyaga wote wawili huku wakiwasengenya wakwe zao, mimi nikiwa hapohapo nachota maji nasikia. Tanuri likasimama. Likakauka. Mikate ya kwanza kutoka, alipewa Mavjuda.

Ugomvi ulikuja na upepo. Mavjuda alikuwa anamwoza binti yake, na siku ile alikuwa ametandaza uani magodoro ya harusi, ya hariri nyeupe, yapate jua. Anarkan akawasha tanuri kwa vijiti vya pamba vilivyoloa kidogo. Upepo ambao kila siku hushuka bondeni, siku hiyo ukageuka.

"Anarkan! We Anarkan! Njoo uone ulichonifanyia!"

"Nimekufanyia nini tena?"

"Magodoro ya mwanangu! Yamekuwa rangi ya panya! Wakwe watasema nimemwoza binti na matandiko ya muuza mkaa!"

"Upepo umegeuka, shoga. Mimi ndiye niliyeuamuru?"

"Upepo si wako, tanuri ni lako. Liondoe kwenye uwanja wangu!"

"Uwanja wako tangu lini? Mbona ulipokuwa unakanyaga udongo na miguu yako hiyo hukusema ni uwanja wako?"

"Miguu yangu imefanya nini? Jitazame wewe kwanza unavyotembea, mama bata!"

Watu walikuwa wanacheka, wa kwao na wa kwetu. Wawili hawa walishawahi kugombana kwa ajili ya ngazi, kwa ajili ya kuku, kwa ajili ya maji ya kumwagilia, na kila mara jua halikuzama mara mbili kabla mmoja hajapeleka bakuli lililofunikwa kitambaa kwa mwenzake. Safari hii pia ingekuwa hivyo. Lakini mtu mmoja alikuwa amesimama na simu yake kwenye ubao wa mfereji. Ni nani, mpaka leo hatujui. Bozarik wanasema alikuwa wa Chorbed, Chorbed wanasema wa Bozarik. Alichokirekodi kilianzia pale pa "uwanja wangu" na "uwanja wako tangu lini", na kwenye simu vicheko vya watu vinasikika kama zogo la vita.

Kufikia jioni, kwao video ile ilikuwa inazunguka na maneno kwamba Wakirgizi wameanza kujenga kwenye ardhi ya watu. Kwetu ilizunguka hiyohiyo, ikisema mjane anafukuzwa kwenye ardhi ya babu zake. Taalai akapiga simu kutoka Urusi, anahema.

"Mama, wamekupiga?"

"Nani anipige? Niko nakanda unga."

"Huku watu wananipa pole, mama!"

"Waambie wakupe kazi, wasikupe pole."

Mavjuda alikuwa na mtoto wa kwanza, Hakimjon, kijana mpole aliyetengeneza baiskeli. Nadhani peke yake asingefanya kitu. Ila kwenye mgahawa wa chai wenzake walimsimanga kutwa nzima: mama yako anafukuzwa uwanjani kwake, wewe umekaa unakoroga sukari, wewe mwanamume kweli? Akaja na ndoo. Mikate ilikuwa imebandikwa kwenye kuta za ndani ya tanuri, inaanza kuvimba, naye akamwaga maji yote. Mvuke ukapanda kama nyoka. Mikate ikabanduka ikaangukia kwenye tope la majivu.

Kwetu mkate hauangushwi. Hata chembe ukiiona njiani unaiokota, unaibusu, unaiweka mahali pa juu ndege wale. Nilimtazama mama mkwe wangu nikingoja alipuke. Akapiga magoti, akaingiza mkono kwenye tope la moto, akaitoa mikate mmojammoja, akawa anaibusu na kuigusisha kwenye paji la uso, uso wote ukawa mweusi. Hakimjon akabaki amesimama na ndoo tupu. Aliona alichokifanya. Lakini vijana wa Bozarik nao walishaona, na jiwe la kwanza lilikuwa tayari hewani.

Mawe yakarushwa mpaka giza. Kioo cha fulani, kichwa cha fulani. Asubuhi wakaja askari wa mpakani, wetu kutoka juu na wao kutoka bondeni, wakasimama pande mbili za tanuri, mbali kidogo, bunduki mgongoni. Wetu walikuwa chini ya kapteni kijana mwenye masharubu membamba. Wao walikuwa na luteni mnene aliyekuwa akifuta jasho kila mara. Kapteni akasimika bendera upande wake. Luteni akaona, akaagiza ya kwake iletwe, nayo ikaja kubwa kuliko yetu. Kesho yake ya kwetu ikabadilishwa.

Mama mkwe akawa anazunguka ndani ya nyumba kama kuku anayetafuta pa kutaga. Anakanda unga, hana pa kuoka. Anaufunika, anaufunua. Usiku namsikia anasogeza masanduku. Alikuwa amekatazwa kuvuka ubao.

Mavjuda akaja kwa njia ya nyuma, kupitia kwenye mierebi, amebeba bakuli limefunikwa kitambaa. Hakuketi.

"Hakimjon nimemchapa kofi mbele ya mkewe," akasema.

"Usingemchapa mbele ya mkewe."

"Basi nimeshamchapa. Sikiliza, dada yangu. Livunje. Livunje tu, liishe. Wakikuta hakuna tanuri, watabishania nini? Tutajenga jingine uani kwako, nitakuja kukanyaga mwenyewe."

"Na magodoro?"

"Yamefuliwa. Yamebaki na doa moja, nimelishonea ua."

Wakatazamana, Anarkan akacheka kwa mara ya kwanza tangu siku ile. Mimi nikapumua. Nikadhani yamekwisha.

Adhuhuri, jua liko utosini, mama mkwe akachukua sururu la marehemu mumewe, akajifunga kitambaa vizuri, akavuka ubao kana kwamba askari wale ni miti. Alikuwa amelinyanyua sururu juu ya tanuri kapteni alipopiga kelele.

"Mama! Weka chini hilo!"

"Tanuri langu."

"Lilikuwa lako."

"Sasa la nani?"

Kapteni akasogea, akatazama ng'ambo, akapunguza sauti. "Mama yangu, nakuomba. Ukilivunja leo, kesho watasema tumekubali ardhi si yetu. Huko juu nitajibu nini?"

"Waambie mwanamke kachoka na moshi."

Kule upande wa pili luteni naye ameshaona sururu. "Anachimba nini yule? Asichimbe! Kujenga ni marufuku!"

"Sijengi, nabomoa!" Anarkan akamjibu kwa Kitajiki.

"Na kubomoa ni marufuku! Ni eneo lenye mgogoro!"

"Basi niwashe nioke mikate, mle wote?"

"La!" wakasema kapteni na luteni kwa pamoja, na sikuwahi kuwasikia wakikubaliana tena.

Askari wa pande zote walikuwa wameshatoa bunduki mgongoni. Mmoja wa kwao, mtoto kabisa, alikuwa amemlenga mama mkwe wangu huku analia machozi. Nilikuwa uani na Aiperi kifuani. Anarkan akawatazama wote. Akalishusha sururu taratibu, akaliegemeza kwenye tanuri, akarudi. Alipofika mlangoni akaniambia, "Wamelichukua." Kisha akaanza kufagia uani palipokwisha kufagiliwa.

Baada ya hapo jambo lilitoka mikononi mwetu kabisa. Ikaja tume. Mabwana wa suti kutoka mji mkuu wetu, na mabwana wa suti kutoka mji mkuu wao, kila upande na ramani yake. Yetu ilichorwa miaka fulani, yao miaka mingine, na zote mbili zilichorwa na serikali ileile iliyokufa. Kwenye moja mfereji ulikuwa huku, kwenye nyingine kule. Walisimama kwenye magugu yale, viatu vyao vinang'aa, wakilizunguka tanuri kama watu wanaotaka kununua fahali. Mmoja wa wetu akamwuliza mama mkwe, kwa heshima sana, kama ukoo wake ulikuwa ukikitumia kipande kile tangu zamani.

"Mbuzi alikuwa akikitumia," akasema. "Alikufa."

Bwana yule hakuandika kitu.

Redio yao ikatangaza kwamba majirani wamejenga kituo cha ulinzi kilichofichwa kwa umbo la tanuri. Redio yetu ikatangaza kwamba kituo cha kale cha uokaji, urithi wa taifa, kimezingirwa. Balozi mmoja akaitwa kujieleza, na wa pili akaitwa ili asionekane hakuitwa. Tulikuwa tunakunywa chai tuliposikia kuwa wakubwa wa nchi mbili wamezungumza kwa simu juu ya "tukio la Bozarik". Anarkan akaweka kikombe chini.

"Wamezungumza juu ya nini?"

"Juu ya tanuri, mama."

"Mungu wangu. Na hawa watu wana kazi."

Barabara ikafungwa. Kisha maji ya mfereji yakafungwa huko juu, na kwao kukawa na kiu. Kisha wao wakafunga umeme uliopitia kwao, kwetu kukawa na giza. Magari ya rangi ya kijani yakaanza kupita, mengine yamebeba vitu vilivyofunikwa turubai. Watoto hawakuja tena na vitambaa vya mkate.

Nani alifyatua kwanza, sijui, na anayesema anajua mwogopeni. Ilikuwa saa za kutoka shule. Nilisikia mlio mmoja, kama mtu amepiga bati, halafu kimya kirefu mpaka nikadhani ni bati kweli. Halafu ikawa mvua. Kitu kikapita juu ya paa kikivuma na kuanguka upande wa shule, dirisha likaingia ndani lote. Nilimfunga Aiperi mgongoni nikakimbilia kwenye lori la jirani. Mama mkwe alikuwa nyuma yangu, kisha hakuwa nyuma yangu.

"Anarkan yuko wapi?" dereva akafoka.

Alikuwa amerudi kumfungua ng'ombe. Nilimwona akitoka zizini anamchapa ng'ombe makalioni, "Nenda, nenda, nenda!", risasi zinachana majani ya miti ya aprikoti juu ya kichwa chake. Alipoingia lorini hakuwa na viatu. Tukapanda milima, nyuma yetu moshi wa pande zote mbili umechanganyika. Ukiutazama huwezi kusema huu wa nani.

Tulilazwa kwenye ukumbi wa michezo wa shule, mji wa mkoa, mamia ya watu juu ya magodoro chini ya nyavu za mpira wa kikapu. Kila mmoja alijaribu kukaa. Anarkan hakuweza. Alikunja blanketi za watu ambao hawakumwomba, akatembea kutoka ukuta hadi ukuta. Kila alipopita minong'ono ilimfuata. Ndiye huyo. Huyo wa tanuri.

Katika waliokufa alikuwemo Joldosh, mtu aliyekuwa akichochea moto wa kupashia joto shule yetu. Kombora lilimkuta getini, akiwa amewaingiza watoto wa mwisho ndani. Mkewe, Batma, alipewa chumba kwa shangazi yake mjini, na hema la matanga likajengwa uani. Mama mkwe akaniambia anakwenda. Nikamwambia asiende. Akaenda, nami nikamfuata.

Batma alitoka hemani kabla hatujafika. Alikuwa amevaa nyeusi, uso umevimba.

"Umekuja kufanya nini?"

"Kukaa nawe."

"Kukaa nami? Kwani huko ulikohamishia tanuri kulikuwa na nini? Pale pa kwanza mkate ulikuwa haupikiki? Mume wangu amekufa kwa sababu wewe huwezi kutulia! Kila mtu anakujua! Hujui kutulia!"

Ulimi ulikuwa unaniwasha. Nilitaka kumwambia tanuri halina bunduki. Nilitaka kumwambia habari za simu na za mabwana wa suti, na kwamba ni mwanangu aliyekuwa anakohoa. Mama mkwe akanibana mkono. Akaketi chini palepale nje ya hema, kwenye vumbi, mgongo wima, mikono mapajani.

Alikwenda kila siku. Watu walipita mbele yake wakaingia, wengine wakamsalimu, wengine wakamruka. Mwanamke yule ambaye sikuwahi kumwona ameketi mpaka chai iishe alikaa juani tangu asubuhi hadi watu watawanyike, hasogezi hata jiwe. Usiku, ukumbini, miguu yake ilikuwa inatikisika yenyewe chini ya blanketi. Mpaka siku moja Batma akatoka, akasimama juu yake.

"Ingia ndani," akasema. "Unanitia aibu, watu watasema nakuweka juani."

Akaingia. Walichozungumza sikusikia. Sidhani kama Batma alimsamehe. Hata leo wakikutana barabarani wanasalimiana kwa kichwa tu.

Tuliporudi Bozarik nusu ya nyumba yetu ilikuwa imeungua. Ukuta wa chumba changu ulikuwapo, paa halikuwapo. Ng'ombe alipatikana kwa watu wa kijiji cha juu, amenenepa. Na tanuri halikuwepo. Palikuwa na shimo na vipande vya udongo mwekundu vimesambaa kwenye magugu. Sisi tukasema wamelibomoa wao. Wao wakasema tumelibomoa sisi ili tuwasingizie. Nasikia barua ya malalamiko ilipelekwa na nchi moja kwa nyingine, na jibu likaja, na jibu la jibu, yote juu ya nani alibomoa kitu ambacho mwenyewe alikatazwa kukibomoa.

Baadaye wakavuta seng'enge katikati. Mavjuda alikuwa upande wa pili, tulikuwa tunaona nguo zake kwenye kamba, basi. Kupungiana mkono watu waliogopa. Mama mkwe alikuwa akienda mpaka karibu na waya, anageuka, anarudi, anakwenda tena. Askari walimzoea. "Mama, leo umeshatembea, kapumzike," wanamwambia. Hakuoka tena. Mkate tulinunua dukani, ule wa mstatili kama tofali, akiula anautazama kwanza.

Miaka ikapita, wakubwa wakapatana. Walitia saini, wakakumbatiana, tukawaona kwenye televisheni. Mstari ukachorwa upya, safari hii kwa vyombo vinavyozungumza na angani. Kipande cha magugu kikaenda kwao pamoja na mtaa wetu wa chini, nusu nzima, na sisi tukapewa malisho fulani ya milimani ambayo sijawahi kuyaona. Tukajengewa nyumba mpya kwenye uwanda wa mawe, nyumba zote sawasawa, paa la buluu, ukitoka nje usiku unaweza kuingia kwa jirani kwa makosa. Taalai akarudi kutoka Urusi kuja kumsaidia mama yake kuhamia.

"Mama, nikujengee tanuri hapa? Nafasi iko tele."

"Uliza kwanza hapa ni pa nani."

"Ni petu, mama. Tuna hati."

"Kule pia palikuwa petu." Akaondoka akaenda kuhamisha kitanda cha Aiperi kutoka dirishani.

Halafu kivuko kikafunguliwa, siku maalumu kwa wiki, ukiwa na pasi. Anarkan hakuwahi kuwa na pasi ya kusafiria maishani mwake. Aliipata, akavaa gauni la heri, tukaenda wote. Kijana wa dirishani akatazama picha, akamtazama yeye.

"Madhumuni ya safari yako, mama?"

"Kugombana."

"Unasemaje?"

"Kuna mwanamke nilikuwa nagombana naye. Hatukumaliza."

Yule kijana akatutazama sote wawili, akagonga muhuri.

Mavjuda alikuwa amezeeka kwa upande mmoja. Mkono wa kushoto ulikuwa hautii. Walishikana mlangoni muda mrefu. Tukaketi, chai ya kijani ikaletwa, na aprikoti kavu, na mkate. Hakimjon aliingia kusalimu, anachechemea, akatoka haraka. Nikaambiwa mguu ule uliumia siku ile ya risasi. Waliulizana habari za wajukuu. Waliulizana habari za bei ya unga. Nikaanza kutulia, na hapo Mavjuda akasema, bila kuinua macho, "Lakini mlianza nyinyi kupiga."

"Nyinyi ndio mlioanza."

"Mimi nilikuwa naanika nguo, nilisikia ilikotoka."

"Na mimi nilikuwa napepeta mchele, nilisikia pia."

Nzi akatua kwenye sukari. Mavjuda akamfukuza kwa mkono mzima.

"Kunywa chai, inapoa," akasema.

Anarkan akanywa yote kwa mkupuo mmoja, akasimama. "Twende," akaniambia. Tulikuwa hatujamaliza hata birika la kwanza. Njiani nilimwuliza kama wamepatana. Akasema, "Hatujagombana vya kutosha," akaongeza mwendo mpaka nikawa namkimbilia.

Tangu hapo anakwenda kila kivuko kinapofunguliwa. Mara nyingine anarudi anaimba, mara nyingine anarudi amekunja uso hasemi na mtu mpaka kesho. Taalai anasema mama ataumwa na mwendo huu. Mimi sijui. Asubuhi ya leo nimemkuta amesimama sebuleni, koti limefungwa vifungo vyote, mkoba kwapani.

"Mama, leo kivuko kimefungwa," nikamwambia.

"Najua."

Akatazama huku, akatazama kule, akafungua mlango akatoka.